Maharage: Pika Mara Moja, Kula Mara Tatu



Leo tuongee juu ya maharage. Utasema, "Nani hajui kupika maharage?" Hata mimi nilisema hivyo. Lakini siku moja kuni ziliniishia maharage yangali magumu katikati. Watoto walikuwa wanalia njaa, nikapakua hivyo hivyo. Usiku ule hatukulala, watatu walitapika na kuharisha. Asubuhi jirani akaniuliza, "Mama, uliyapika au uliyapasha moto tu?"

Kumbe maharage, hasa yale mekundu, yana sumu ya asili. Sumu hiyo huharibika yakitokota kwa nguvu dakika 10 au zaidi. Moto mdogo usiotokotesha hautoshi.

Na kuni tunajua zinavyopatikana. Safari ya porini ni ndefu, na kwa mama na binti ina hatari zake. Ukipunguza safari moja kwa wiki, si kuni tu ulizookoa. Ndiyo maana mimi sasa napika kilo moja kwa pamoja. Ikiiva huwa kama kilo mbili na nusu.

Fanya hivi:

1. Jioni chagua mawe na yaliyotobolewa, osha, kisha loweka usiku kucha kwa maji mengi. Maharage yanavimba, kwa hiyo maji yazidi mara tatu.

2. Asubuhi mwaga maji hayo, tia mapya, funika sufuria. Yatokote kwa nguvu dakika 30.

3. Kama una kikapu kikubwa au boksi, tandika nyasi kavu na blanketi kuukuu chini na kando. Weka sufuria yenye mfuniko ndani, funika kwa nguo nzito. Iache saa tatu au nne bila kufunuafunua. Joto lenyewe linaendelea kuivisha, na sufuria iliyojaa hutunza joto kuliko yenye kidogo. Halafu irudishe mafigani itokote tena. Bonyeza punje kwa vidole: ikipondeka yote, yameiva. Ikiwa bado, endelea na moto.

4. Sasa viungo. Kaanga vitunguu kwa mawese au mafuta ya mgao, tia kitunguu saumu, nyanya, pilipili kidogo na chumvi, kisha changanya na maharage. Wengi wanalaumu chumvi kwamba inayafanya yawe magumu. Kinachochelewesha hasa ni uchachu, kwa hiyo nyanya na limau visiingie kabla hayajaiva. Magadi yanalainisha, lakini yakizidi yanaharibu ladha na kupunguza vitamini.

Mchana kula na ugali. Jioni changanya na lengalenga. Asubuhi ya kesho kula na mihogo au viazi. Ukikamua limau kwenye sahani, mwili unapata zaidi madini ya chuma yaliyomo, na hiyo ni faida kubwa kwa mama mjamzito.

Lakini angalieni: hatuna friji. Maharage yaliyobaki yasikae vuguvugu jikoni. Yatunze yakiwa ya moto sana ndani ya kikapu, au yagawe kwenye vyombo vidogo yapoe upesi, uyafunike. Kabla ya kila mlo yatokote tena, si kupasha tu. Yamalizike asubuhi ya kesho. Yakitoa povu au harufu ya kuchacha, yamwage. Najua inauma kumwaga chakula cha mgao, lakini kuuguza watoto kunauma zaidi.

Na akina baba, kutengeneza kikapu hicho si kazi ya mama peke yake. Kaeni pamoja jioni moja mkitengeneze.

Maharage mema, na moto mdogo!