Nani Apewe Kituo cha Petroli? Haki ya Kuchaguliwa Bila Mapendeleo



Tangu barabara kuu ya Nairobi kwenda Thika ikamilike mwaka 2012, sisi watu wa Ruiru tumeona vituo vya petroli vikiongezeka kando yake. Basi kikundi kilicho na akiba kidogo kinauliza: je, na sisi hatuwezi kupewa kituo tukiendeshe? Au kibanda sokoni? Au tenda ya kupeleka mboga shuleni? Na tukinyimwa kwa sababu ya kujuana, tutalalamika wapi?

Kabla ya kujibu, kikundi kijiulize swali moja: hiyo mali inayotolewa ni ya nani?

Kama mali ni ya mtu au kampuni binafsi

Vituo vingi hapa Kenya ni vya makampuni ya mafuta au vya watu binafsi. Mwenye kituo humchagua mwendeshaji, yule tunayemwita dila, jinsi wewe unavyochagua mpangaji wa chumba chako. Ndiyo maana kesi nyingi za madila katika korti zetu si za "mbona hukunichagua", ila ni za "mbona unanifukuza".

Hapa ngao yako ni mkataba. Soma mambo mawili. La kwanza, karatasi inakuita mpangaji, au mwenye leseni tu? Sheria ya wenye nyumba na wapangaji wa biashara, Sura ya 301, humlinda mpangaji ambaye mkataba wake hauzidi miaka 5, au ambaye hana mkataba wa maandishi. Haondolewi bila notisi ya kisheria, na anaweza kupinga mbele ya baraza la kodi za majengo ya biashara. Mwenye leseni tu hana kinga hiyo, na makampuni yanalijua jambo hili vizuri.

La pili, notisi ni ya muda gani? Mkataba ukisema kila upande unaweza kujitoa kwa notisi ya miezi 3, kwa kawaida korti hupima fidia kwa miezi hiyo 3, si kwa miaka mliyotumaini kufanya kazi. Sasa fikiria akina mama waliochukua mkopo wa miaka 5 juu ya mkataba wa miezi 3. Kituo kikiondoka, deni linabaki nyumbani kwao.

Kama mali ni ya umma

Hapa mambo ni tofauti. Nchini India makampuni makubwa ya mafuta ni ya serikali, kwa hivyo kupewa kituo ni kupewa mali ya wananchi. Waziri mmoja wa mafuta aligawa vituo 15 kwa hiari yake mwenyewe, na kati ya waliopata walikuwemo jamaa za wanasiasa. Shirika la raia lilikwenda kortini, na mwaka 1996 Mahakama Kuu Zaidi ya India ikafuta ugawaji huo. Ilisema kiongozi ni mdhamini tu wa mali ya umma, hawezi kuigawa kama zawadi. Faini aliyotozwa waziri iliondolewa baadaye, mwaka 1999.

Mwaka 2002 malalamiko yalizuka tena. Safari hii serikali ikafuta ugawaji wote uliofanywa tangu Januari 2000, wa halali na wa hila pamoja. Korti ikakataa: huwezi kumwadhibu aliyepata kwa haki kwa sababu ya makosa ya mwingine. Iliunda kamati ichunguze kesi 413 zilizotiliwa shaka, moja baada ya nyingine. Hapo tunajifunza kwamba haki ni ya aliyekosa, na pia ni ya aliyepata kihalali.

Hapa kwetu, Katiba ya 2010 kifungu cha 227 inataka ununuzi wa serikali uwe wa haki, wa wazi na wa ushindani. Kifungu cha 47 kinampa mtu aliyeumizwa na uamuzi wa ofisi haki ya kupewa sababu kwa maandishi. Tena sheria ya ununuzi ya 2015 imetenga angalau asilimia 30 ya tenda kwa vijana, akina mama na wenye ulemavu.

Sasa mfanye nini?

1. Ombeni tangazo na masharti kwa maandishi kabla hamjatoa hata shilingi. Anayetaka "kitu kidogo" apeleke jina lenu mbele, mwacheni aende zake.

2. Wekeni nakala ya kila barua, risiti na tarehe. Mali bila daftari hupotea bila habari.

3. Mkinyimwa, andikeni barua mkiuliza sababu. Chini ya sheria ya habari ya 2016, ofisi ya umma hupaswa kuwajibu kwa muda wa siku 21.

4. Kama ni tenda, msichelewe. Lalamiko hupelekwa kwa bodi ya kukagua tenda ndani ya siku 14, nayo huamua kwa siku 21. Kuna ada, kwa hivyo ulizeni kwanza ni ngapi.

5. Kama ni kibanda au huduma nyingine ya kaunti, mnaweza kwenda kwa Tume ya Haki ya Utawala. Huko kulalamika ni bure.

6. Mkataba usitiwe sahihi na mwenyekiti peke yake. Usomwe mkutanoni, kwa lugha ambayo kila mwanachama anaielewa.

Mwisho, tujiangalie na sisi. Yethro alimshauri Musa achague viongozi wanaochukia hongo. Je, kikundi chako kikipata vibanda 3 na wanachama ni 20, mtagawa vipi? Kama ni kwa ujamaa na mweka hazina, basi tutamlaumu waziri kwa nini? Andikeni utaratibu wenu leo, kabla vibanda havijafika.