Harrison Mumia na watu wasiohesabiwa

Kariakoo, Dar es Salaam, kubishana dini si jambo geni. Miaka ya 1980 na 1990 mihadhara ilijaza viwanja vya mji huu: Mwislamu ameshika Biblia, Mkristo anamjibu, umati umesimama mpaka magharibi. Tulizoea kusikia dini ya jirani ikikosolewa. Anayezikosoa zote mbili ndiye hatujamwekea kiti.

Kwa jirani zetu Kenya mtu huyo ni Harrison Mumia, rais wa chama cha wasioamini Mungu nchini humo. Mimi ni Mwislamu, naswali Msikiti wa Mtoro, na ninamwandika kwa heshima.

Novemba 2015 Papa Francis alikuwa anakuja Nairobi, na serikali ikatangaza tarehe 26 kuwa siku ya mapumziko na sala. Katiba ya Kenya ya 2010, ibara ya 8, inasema nchi haina dini ya taifa. Mumia na wenzake wakaenda mahakamani kuipinga sikukuu hiyo. Hawakufanikiwa, Papa alikuja, watu wakasali.

Februari 2016 chama kikasajiliwa. Aprili usajili ukasimamishwa, kwa hoja ya amani na utulivu wa umma. Hapo napata hasira kwa niaba yake. Sijasikia kanisa wala msikiti uliovamiwa na watu hawa. Walichofanya ni kujaza fomu, na waliponyimwa haki wakaenda tena mahakamani. Chama kipo mpaka leo. Mumia ana ulimi mkali, na baadhi ya maneno yake yananichoma, lakini njia yake ni ya mtu anayeiamini sheria.

Huku kwetu Tanzania, Katiba ya 1977, ibara ya 19, inampa kila mtu uhuru wa mawazo na imani katika mambo ya dini, pamoja na kubadilisha dini yake. Papo hapo Kanuni ya Adhabu, kifungu cha 129, inamtia hatiani anayetamka neno kwa makusudi ya kuumiza hisia za kidini za mwingine. Anayetaka kusema haamini lazima achunge sana kauli yake. Hata idadi ya watu kama yeye haijulikani, maana sensa yetu haijauliza dini tangu 1967. Kenya iliuliza mwaka 2019, na watu 755,750 wakajibu hawana.

Kijana mmoja anayeuza vitambaa Mtaa wa Kongo aliniambia kwa sauti ya chini: "Mzee, mimi siamini tena. Ila nikisema, nani atanizika?" Sikuwa na jibu. Mwislamu huswaliwa, Mkristo husindikizwa na jumuiya yake, majirani huchanga na kulala matanga. Gharama kubwa ya kukana dini mjini kwetu iko msibani, na hakuna hukumu ya mahakama inayoweza kumletea mtu waombolezaji.

Mei 2021 katibu wa chama cha Mumia alijiuzulu kwa sababu amempata Yesu. Mumia aliitangaza habari hiyo mwenyewe, akamshukuru kwa utumishi wake na kumtakia heri katika safari yake mpya, kisha akatafuta katibu mwingine. Sijawahi kumsikia shehe wala mchungaji wa hapa akimuaga namna hiyo muumini aliyetoka.