Kipimo kifike Misisi, siyo mchimbaji afuate Baraka

Kila vakansi tunaona wanafunzi wa vyuo vya Baraka wakija Misisi na Lubichako kutafuta minervali. Wanashika koleo pamoja na sisi, wanalala chini ya turubai zile zile, na siku dhahabu imetoka wanakula pesa kama sisi. Chuo kikifunguliwa wanarudi ziwani, na sisi tunarudi kwa bibi zetu. Kwa hiyo kipimo cha SIDA cha mwanafunzi na cha mchimbaji ni jambo moja.

Kipimo chenyewe si kazi: tone la damu kwenye kidole, jibu kabla ya nusu saa. Kazi ni kufika. Kwenda Baraka ni kulipa motari mara mbili na kupoteza siku ya shimo. Médecins Sans Frontières walianza kazi Baraka mwaka 2003, wakitibu SIDA pia. Mwisho wa 2020 waliondoka Fizi kisha wafanyakazi wao kushambuliwa.

Tena kuna haya. Kwenye machimbo watu wote wanajuana. Ukionekana kwa mlango wa muganga, jioni habari iko kwa muuza pombe. Na kuna woga wa kazi. PDG mmoja wa shimo alitaka vijana wamletee karatasi ya kipimo mbele ya kuwapa nafasi. Tulikataa! Sheria namba 08/011 ya tarehe 14 Julai 2008 inalinda wenye virusi, hata kazini. Jibu ni la mwenye damu, si la bosi.

Kuna kipimo cha kidole kinachoangalia virusi na kaswende pamoja. Kaswende inapona kwa sindano ya penisilini, lakini mama mwenye mimba asiyepimwa anaweza kupoteza mtoto. Kama ni juzi kondomu ilipasuka, ao mtu amebakwa, asingoje kipimo cha kesho kutwa: dawa ya kuzuia virusi inaanzwa ndani ya saa 72, inamezwa siku 28. Na kipimo cha mapema kinaweza kukosa virusi; urudie kisha miezi 3.

Tunachoomba wakubwa wa afya ni timu ije siku ya yenga, wakati mashimo yamelala, na wapimaji wasiwe watu wa hapa hapa. Turubai tutasimamisha sisi.