Kobo Abe: Muuza achari aliyevusha riwaya yake kwa sinema

Kabla jina lake halijafika Cannes, mwandishi Kobo Abe wa Japani aliuza achari na mkaa katika mitaa ya Tokyo. Vita Kuu ya Pili ilikuwa imekwisha, jiji limeungua, na yeye na mkewe Machi, mchoraji, walitafuta chakula cha siku. Mwaka 1948 alihitimu udaktari Chuo Kikuu cha Tokyo, lakini hakuifanya kazi hiyo.

Abe alizaliwa Tokyo mwaka 1924 na kukulia Mukden, mji ambao leo ni Shenyang, China, ambako baba yake alikuwa daktari wakati Japani ikiitawala Manchuria. Mwaka 1945 utawala huo ukaanguka, baba akafariki, na mwaka uliofuata Abe akarudishwa Japani. Ukoo wao ulitoka Hokkaido. Ukimuuliza kwao ni wapi, hakuwa na jibu moja.

Tuzo ya Akutagawa ya 1951 ilimpa jina nyumbani. Kilichomvusha mipaka ni riwaya ya 1962, Suna no Onna, yaani mwanamke wa mchangani. Mwalimu anayekusanya wadudu analazwa na wanakijiji katika nyumba iliyo ndani ya shimo la mchanga. Asubuhi ngazi ya kamba haipo. Kila usiku lazima achote mchanga pamoja na mjane mwenye nyumba, la sivyo wananyimwa maji.

Mchanga huo unauzwa kwa siri kwa wajenzi, nusu ya bei, ingawa una chumvi inayoharibu zege. Mwalimu anapolalamika kwamba majengo yataanguka, mjane anashangaa: ya watu wengine yanawahusu nini? Wengi humsifu Abe kwa fumbo la shimo. Anayeishi kwa kununua na kuuza ataisoma mara mbili sehemu hii ya mzigo mbovu wa bei nafuu.

Muswada wa filamu aliuandika mwenyewe. Hiroshi Teshigahara aliongoza, Toru Takemitsu akatunga muziki, na mwaka 1964 filamu ikapata Tuzo Maalumu ya Majaji huko Cannes. Teshigahara akawania Oscar ya mwongozaji bora. Kitabu kilihitaji mfasiri. Mchanga unaoporomoka kwenye kioo hauhitaji mkalimani.

Abe hakuwa mgeni wa sinema. Alikuwa amemwandikia Masaki Kobayashi filamu kuhusu askari wa Japani waliofungwa kwa uhalifu wa kivita, kutokana na shajara zao. Ilikuwa tayari mwaka 1953, lakini kampuni ikaogopa kuwaudhi Wamarekani na kuifungia hadi 1956.

Kwa Teshigahara aliandika filamu nne, kuanzia Otoshiana ya 1962 hadi ile ya 1968, ambayo haikutamba kama ya mchanga. Baadaye akageukia jukwaa na kuanzisha kikundi chake cha maigizo mwaka 1973.

Alifariki Januari 1993. Mwaka uliofuata Kenzaburo Oe alishinda Nobel ya Fasihi, na alipoulizwa, akamtaja Abe miongoni mwa waliostahili kuipata kabla yake.