Mlango wa Nyumba Hauko Juu ya Sheria

Watu wengi hudhani ya kuwa mambo ya nyumbani ni siri ya wenye nyumba, na kwamba mtu akifungiwa chumbani na mumewe, wanawe au ndugu zake, mtu wa nje hana ruhusa ya kuuliza. Sivyo. Sheria ya Kenya inayo dawa ya jambo hilo. Kwa Kilatini huitwa habeas corpus, yaani amri ya jaji ya kumtaka anayemshika mtu amlete mahakamani, aeleze anamshika kwa haki gani.

Chukua mfano wa Kenol, katika Kaunti ya Murang'a, mahali barabara ya kutoka Nairobi inapogawanyika, moja ikielekea Murang'a mjini na nyingine Sagana na Nyeri. Shamba lililo karibu na lami lina thamani kubwa. Mzee mwenye hati ya shamba la namna hiyo aweza kufungiwa chumba cha nyuma na wanawe, akanyang'anywa simu, hata akubali kutia kidole katika karatasi za kuuza. Dada yake akija kumwamkia, huambiwa, "Shangazi, Baba amelala, rudi siku nyingine." Dada huyo afanye nini?

Kwanza, na apige ripoti polisi. Kumfungia mtu bila haki ni kosa chini ya kifungu cha 263 cha Kanuni ya Adhabu, na mkosaji aweza kufungwa mwaka mmoja au kutozwa faini. Mzee asipotolewa, dada aweza kwenda Mahakama Kuu, iliyopo Murang'a na Nyeri pia. Kifungu cha 389 cha sheria ya mwenendo wa kesi za jinai chaipa uwezo wa kumwachilia mtu aliyeshikwa isivyo halali, awe mikononi mwa serikali au mwa mtu binafsi. Katiba ya mwaka wa 2010 humruhusu mtu kuomba kwa niaba ya mwenzake asiyeweza kuja mwenyewe, wala hakuna ada ya kufungua ombi la haki hizo.

Katika hati ya kiapo na aeleze wazi: ni nani aliyefungiwa, yuko wapi, anashikwa na nani, alionekana mara ya mwisho lini, na jamaa walijibu nini alipoulizwa.

Dawa hii ina historia ndefu. Mwaka wa 1891, huko Clitheroe, Uingereza, Edmund Jackson alimkamata mkewe Emily akitoka kanisani, akamfungia katika nyumba mjini Blackburn. Majaji wa kwanza walikataa ombi la kumtoa. Lakini Mahakama ya Rufani iliamua ya kuwa mume hana mamlaka ya kumfunga mkewe, naye akawekwa huru.

Hata hivyo, amri hii si fimbo ya kupigania mashamba. Jaji hatakata shauri la hati ya ardhi siku hiyo. Mtu mzima mwenye akili timamu akisema anakaa kwa hiari yake, ombi huishia hapo. Akiwa mtoto, jaji hutazama kwanza faida ya mtoto. Na mgonjwa wa akili anastahili kupelekwa hospitali, si kufungwa mnyororo nyumbani.

Asiyeweza kumlipa wakili na aulize Huduma ya Taifa ya Msaada wa Kisheria, iliyowekwa kwa sheria ya mwaka wa 2016. Wala asikawie, kwa maana kidole kikishatiwa wino, kesi ya pili huwa ndefu kuliko ya kwanza.