Sauti ya Jim Reeves Ilipikwa Karibu na Kipaza Sauti

Usiusikilize "He'll Have to Go" kwenye spika ya redio ukiwa na shughuli zako. Vaa vifaa vya masikioni, tulia. Jim Reeves haimbii ukumbi pale. Anamwimbia mtu mmoja tu, tena aliye karibu naye sana. Wapenzi wa kantri nchini Kenya wamelelewa na sauti hiyo, na ukiwauliza siri yake watakwambia ni kipaji cha Mungu. Kipaji kilikuwepo, sikatai. Lakini sauti iliyomo kwenye santuri ilipikwa studioni, na kiungo kikuu kilikuwa umbali kati ya mdomo na kipaza sauti.

Ushahidi anao Reeves mwenyewe. Katika "Mexican Joe" ya 1953, santuri iliyompa jina, anaimba kwa kupaza, kama walivyozoea waimbaji wa kantri waliopaswa kusikika juu ya fidla na kelele za kumbi za dansi. Mwaka 1957 akarekodi "Four Walls". Safari hiyo alishusha sauti na kukisogelea kipaza sauti hadi midomo ikakaribia kukigusa. Ni mtu yuleyule, ila ungedhani wawili.

Kinachotokea hapo ni fizikia tu. Kila unapopunguza umbali kwa nusu, shinikizo la sauti linalofika kwenye kipaza sauti huongezeka takriban mara mbili. Tuseme mwimbaji yuko sentimita 40, kisha asogee hadi 5: amepunguza kwa nusu mara tatu, kwa hiyo shinikizo limepanda karibu mara nane, bila yeye kukaza koo hata kidogo. Fundi mitambo hushusha kiwango kwenye mashine, na mwangwi wa chumba hushuka pamoja nacho. Juu ya hayo, vipaza sauti visivyodaka sauti sawasawa kutoka pande zote vina tabia moja ya ajabu: chanzo kikiwa karibu mno, huzikuza sauti nzito. Koo la besi kama la Reeves linatoka hapo likiwa zito zaidi kuliko lilivyo. Hasara zipo pia. Herufi "p" na "b" hupasuka kwa pumzi, na kosa dogo la koo halina pa kujificha.

Tarehe 15 Oktoba 1959 Reeves aliingia studio ya RCA mjini Nashville, ile iitwayo leo Studio B. Prodyuza alikuwa Chet Atkins, naye mpiga gita hodari, na kwenye mitambo alikaa Bill Porter. Enzi hizo hapakuwa na mtindo wa kila mpigaji kurekodi siku yake. Walipiga pamoja, chumba kimoja. Ukifungua kipaza sauti ili kidake mnong'ono, kitadaka na dramu za jirani. Basi jirani lazima anyenyekee. Sikiliza Floyd Cramer anavyogusa piano kwa uchache, Marvin Hughes anavyodondosha vibrafoni, Buddy Harman anavyozipapasa dramu, na waitikiaji wa Anita Kerr wanavyokaa nyuma kabisa. Fidla hakuna, na lile gita la chuma linalolia kwa kuteleza halimo. Wengi hueleza ulaini huo kwa biashara: vijana walikuwa wamekimbilia rock 'n' roll, na Nashville ilitaka wanunuzi wa muziki wa pop. Ni kweli. Ila mimi naona chumba chenyewe kilikuwa na kura yake.

Na wimbo ulidai hivyohivyo. Waliouandika ni mtu na mkewe, Joe na Audrey Allison. Audrey alikuwa na sauti ndogo kwenye simu, na mumewe ilimbidi kumwomba asogee ndipo amsikie. Wazo likazaliwa hapo: mwanamume anampigia mwanamke aliyeketi na mwanamume mwingine, anabembeleza. Billy Brown alikwisha kuurekodi kabla, haukuvuma. Ubembelezaji kwa simu ukiuimba kwa sauti ya jukwaani unakuwa ugomvi.

Ajabu ni kwamba kampuni haikujua ina nini mkononi. Santuri ilipotoka mwishoni mwa 1959, upande wa A ulikuwa "In a Mansion Stands My Love", na huu wetu ukawekwa upande wa B, mahali pa nyimbo za kujazia. Watangazaji wa redio ndio walioigeuza. Februari 1960 ukashika nafasi ya kwanza kwenye orodha ya kantri ya Billboard, ukakaa huko wiki 14. Kwenye orodha ya pop ulifika nafasi ya pili. Juu yake ilikuwepo "Theme from A Summer Place" ya Percy Faith, nayo haikutaka kubanduka.

Mwaka huohuo Jeanne Black akatoa "He'll Have to Stay", muziki uleule lakini sasa anasema mwanamke wa upande wa pili wa simu. Shabiki wa taarab anaujua mchezo huu wa kujibizana. Mwanamke anamwambia mbembelezaji kwamba amechoka kuwekwa akingoja, na huyo aliye naye haondoki. Jibu hilo nalo liliuzika vizuri, likafika nafasi ya nne kwenye pop.