Swastika: Heri Iliyonajisiwa

Je, wajua kwamba alama unayoiona kwenye filamu za Hitler hupangwa pia kwa mchele, katika hekalu la Wajaini, Mombasa? Muumini humwaga konzi ya mchele juu ya kibao, kisha kwa ncha za vidole huutandaza taratibu mpaka itokee mikono minne iliyopinda. Hizo ndizo hali nne ambamo roho huweza kuzaliwa: miungu, binadamu, wanyama na mimea, au jehanamu. Juu yake huweka malundo madogo matatu ya mchele: imani sahihi, elimu sahihi na mwenendo sahihi. Juu kabisa huja mwezi mwandamo na nukta moja, makao ya roho zilizokwisha kutoka katika mzunguko wa kuzaliwa tena na tena.

Jina swastika ni la Kisanskriti, na maana yake ni heri. Ndiyo maana mfanyabiashara wa Kihindu, akifungua daftari jipya la hesabu siku za Diwali, huichora kwanza kwa unga mwekundu.

Wala si ya Wahindi peke yao. Huko Lalibela, Ethiopia, dirisha la Kanisa la Mariamu limechongwa kwa umbo hilo kwenye mwamba. Waakani wa Ghana waliitia kwenye vipimo vya shaba vya kupimia vumbi la dhahabu.

Balaa lilianzia Troy, mji wa kale. Mjerumani Heinrich Schliemann alipochimbua magofu yake miaka ya 1870, aliikuta kwenye vyombo vya udongo, na baadhi ya wasomi wa Ulaya wakaifanya ushahidi wa ukoo bora wa "Waarya". Mwaka 1920 chama cha Nazi kikaichukua, kikailaza mshazari, nyeusi ndani ya duara jeupe. Mwaka 1935 bendera ya chama yenye alama hiyo ikawa ya taifa la Ujerumani, na chini yake Wayahudi wapatao milioni 6 waliuawa. Myahudi anayeshtuka akiiona leo ana haki yote.

Kinachoniuma ni waliopokonywa. Wanavajo wa Marekani waliiita gogo linalozunguka. Waliichora kwa mchanga wa rangi katika ibada za uponyaji, wakaifuma pia kwenye mablanketi. Februari 1940 wao na makabila ya Wahopi, Waapache na Wapapago walitia saini tamko la kuiacha. Hawakuwa wamemdhulumu mtu, lakini mikono iliyoirithi kwa mababu ndiyo iliyoapa kutoifuma tena.